Wamepaka silikoni paa zima, na tone linaanguka palepale

Naandika nikiwa na hasira, sitaficha. Kampuni niliyoiita kutafuta na kuziba uvujaji wa paa kabla dari mpya haijafungwa imemaliza kazi, imelipwa na imeondoka. Mvua ya kwanza kubwa iliyofuata, maji yakaanguka palepale yalipokuwa yanaanguka mwanzo, kwenye kona ambapo paa la jiko linaegemea ukuta wa nyumba kubwa. Kila kichwa cha skrubu kilichofikiwa na mkono kimevikwa silikoni. Chanzo chenyewe hakikurekebishwa, kwa sababu hakuna aliyekitafuta.

Nasema hakuna aliyekitafuta kwa maana hiyohiyo. Hakuna hata mmoja wao aliyepanda juu ya dari. Walisimama chini wakatazama doa, wakatoka nje wakatazama bati lililo juu ya doa, wakapaka. Fundi yeyote wa paa anajua kwamba doa halikai chini ya tundu. Maji yakishaingia huteleza upande wa chini wa bati mpaka yakute papi, yaani ubao unaopigiliwa bati, hufuata papi hadi kwenye kenchi, ile fremu ya mbao inayobeba paa, hushuka na kenchi, na hudondoka pale penye msumari uliochomoza au mbao inapoishia. Kati ya tundu na doa panaweza kuwa na mita mbili, tatu. Kwenye paa lenye mteremko, anza kutafuta upande wa juu wa doa, usianzie juu yake moja kwa moja.

Kazi yenyewe haihitaji mashine. Panda darini mchana, ukanyage mbao tu, maana siling bodi haibebi mtu. Kaa gizani dakika chache macho yazoee, kisha tafuta vitone vya mwanga. Kila unapouona mwanga, pitisha waya mwembamba utokeze nje, uuache hapohapo ili aliye juu ya paa auone. Baada ya hapo washa tochi na uilaze sambamba na mbao. Njia ya maji itajionyesha: mstari mweusi kwenye papi, msumari wenye kutu peke yake kati ya wenzake wakavu, vumbi lililooshwa. Choma mbao kwa ncha ya bisibisi. Ikizama bila nguvu, mbao imeoza na hakuna skrubu itakayoshika hapo. Pasipo na tundu la kupitisha waya, pima umbali kutoka kwenye kofia, lile bati linalofunika kilele cha paa, na kutoka ukuta wa pembeni, halafu rudia vipimo hivyohivyo ukiwa nje. Saa moja inatosha. Hiyo saa moja ndiyo waliyoninyima.

Wakati mwingine jicho halitoshi, ndipo unapofanya jaribio la maji. Mtu mmoja darini na tochi, mwingine nje na mpira wa maji. Unaanzia chini ya paa na kupanda, sehemu moja kwa wakati, dakika 10 hadi 15 kila sehemu, bila haraka. Ukianzia juu, maji yatashuka kwenye kila kasoro iliyo chini yake na hutajua ni ipi iliyovuja. Maji yamwagwe kama mvua inavyoshuka. Ukielekeza mpira juu kwa nguvu kwenye mlalio wa mabati, yaani pale bati moja linapolalia jingine, hata paa zima litavuja, na utaziba mahali pasipo na shida. Aliye ndani akipiga kelele, weka alama ya chaki, funga maji, subiri pakauke, rudia. Palipovuja mara mbili ndipo penyewe.

Nilimwomba msimamizi wao wafanye jaribio hilo. Jibu alilonipa, mbele ya vijana wake: "Unataka paa lisivuje, au unataka kunifundisha kazi?" Aliporudishwa baada ya mvua hakuomba radhi. Alitazama juu nusu dakika akasema mabati yamechoka, paa lote libadilishwe. Mabati yale hayana kutu hata kwenye ncha zilizokatwa! Huo ndio ukali wangu wote. Kukosea kupo katika kila kazi. Lakini mtu anayekataa kupima kisha anakuandikia dawa kubwa kuliko ugonjwa, huyo ni wa kuogopwa.

Turudi kwenye silikoni yao. Niliukamata ukingo wa mmoja wa mikanda waliyopaka, nikavuta. Ukatoka mzima, mrefu kama kiganja, laini juu, na chini yake umebeba vumbi lote la bati kama alama ya muhuri. Silikoni haishiki vumbi, haishiki kutu, wala haishiki silikoni ya zamani. Bati husuguliwa kwa brashi, hufutwa kwa kitambaa chenye spiriti, huachwa likauke, ndipo hupakwa. Tena ile yao ilinuka siki. Silikoni inayonuka siki inapokauka hutoa asidi, na asidi hiyo inakula zinki ya bati, yaani unaziba tundu leo na kuanzisha kutu ya kesho. Kwa bati hutumika ile isiyo na asidi, na mahali pake ni kati ya vipande viwili vinavyobanwa pamoja. Ikipakwa juu tu, haidumu.

Na skrubu yenye washa nzima, kile kisahani cha chuma na mpira chini ya kichwa chake, haina haja ya kupakwa kitu. Kinachoharibika ni washa ya mpira, nayo dawa yake ni kubadilishwa. Skrubu iliyokazwa sawasawa, mpira wake hutokeza kidogo tu pembeni mwa washa ya chuma. Mpira ukimwagika na kupasuka, skrubu ilikazwa kupita kiasi kwa drili. Washa ikizunguka kwa kidole, imelegea. Pale palipokuwa na misumari ya zamani iliyopanda juu, usiigonge irudi, maana mbao imeshalegea na upepo utaipandisha tena. Ing'oe, weka skrubu nene kuliko msumari ule, iingie kwenye papi angalau milimita 30, na kwa mabati ya mawimbi ipite kwenye mgongo wa bati, kamwe isipite bondeni yanakopita maji.

Hapa lazima niwatendee haki. Kofia ya paa kubwa waliifanya vizuri. Vijana wawili waliivua, wakakuta skrubu zilizokosa papi, wakazipanga upya kwenye mstari ulionyooka, na mlalio wa vipande vya kofia ni wa milimita 150 kamili. Kazi safi. Nilipoiona nilitaka kuandika maneno mengine kabisa kuhusu kampuni hii.

Kisha nikatazama tena ukutani, kulikokuwa kunavuja toka mwanzo. Pale paa linapokutana na ukuta panakaa flashi, lile bati lililokunjwa linalopanda ukutani na kulalia mabati. Iliyopo pale ilikuwa imepigiliwa juu ya lipu kwa misumari ya zege, na ukingo wake wa juu umefunikwa kwa mkanda wa saruji. Kwa macho imefungwa, lakini kipande cha karatasi kilipita nyuma yake bila kukwama. Sababu ni nyepesi: bati hutembea, ukuta hautembei. Bati la mita 6 likipata joto la nyuzi 50 zaidi hurefuka milimita 3 na nusu hivi, usiku hurudi. Saruji haiwezi kuvumilia mchezo huo kila siku. Hupasuka ufa mwembamba kama unywele, na maji yanayoteremka ukutani huingia nyuma ya flashi moja kwa moja. Wao waliupaka ufa huo silikoni, juu ya vumbi la saruji!

Flashi hukatiwa mfereji ukutani wenye kina cha milimita 25, angalau milimita 150 juu ya usawa wa mabati. Ukingo wake wa juu hukunjwa na kuingizwa humo, hukazwa kwa vipande vya bati vilivyokunjwa, kisha mfereji hujazwa kizibo kinachonyumbulika. Upande wa chini ulalie mabati milimita 150 au zaidi, na kama mteremko ni mdogo, ongeza. Vipande viungane kwa mlalio usiopungua milimita 100, cha juu kikikilalia cha chini. Na jambo linalosahaulika kila mara: kabla ya kuifunika, mabonde ya bati kwenye ncha ya juu hukunjwa kuelekea juu kwa koleo, ili mvua ya upepo isisukumwe kupita mwisho wa bati. Hayakukunjwa hata moja. Pia wasikate mabati kwa grainda juu ya paa. Cheche zake huunguza rangi na chenga za chuma huacha madoa ya kutu baada ya mvua chache. Mkasi wa bati upo.

Kuna matone mengine nayaacha nje ya lawama. Asubuhi ya baridi bila mvua, bati lisilo na hewa chini yake hutoka jasho na kudondosha. Hilo si tundu, na linataka hewa ipite darini. Ukiona dari imelowa na jana usiku hapakunyesha, usimwite fundi wa kuziba. Lakini waliacha pia nyayo: bati mbili zimebonyea kwa sababu walikanyaga kati ya papi na papi badala ya kufuata mistari ya skrubu, na sasa kuna vidimbwi viwili vinavyolala juu.

Nilikusudia kutoa nyota tatu kwa ajili ya kofia. Natoa moja. Hapana, wale vijana wawili wa kofia wanastahili zaidi, na kama wangeachwa wapande darini naamini wangeuona ule mstari mweusi kwenye papi ya mwisho, maana unaonekana hata kwa tochi ya simu. Basi mbili, na zote ni zao. Flashi inang'olewa, mfereji unakatwa, na dari haifungwi mpaka ukuta ule umwagiwe maji dakika 15 na papi ile ibaki kavu.