Kununua Kifaa cha Kuchemshia Maji: Piga Hesabu ya Joto Kwanza

Muuzaji akikuambia kwamba jagi la wati 1,000 "linakula umeme kidogo" kuliko la wati 2,000, usitoe pesa kabla ya kukumbuka somo la joto la sekondari. Kiasi cha joto ambacho maji yanahitaji hupatikana kwa kuzidisha tungamo yake kwa badiliko la jotoridi, kisha kwa jouli 4,200, ambazo ndizo zinazopandisha kilo moja ya maji kwa nyuzi moja ya Selsiasi. Lita moja na nusu ni kilo 1.5, yakitoka nyuzi 25 hadi 100 yamepanda nyuzi 75, na 1.5 × 4,200 × 75 ni jouli 472,500. Uniti moja ya umeme ni jouli 3,600,000, kwa hiyo maji hayo yanahitaji uniti 0.13 tu, yawe yamechemshwa kwa kifaa chochote kile.

Wati hubadilisha muda. Jagi la wati 2,000 lingetoa joto hilo kwa takribani dakika nne na la wati 1,000 kwa karibu dakika nane, na katika dakika zile za ziada jagi dogo huendelea kupoteza joto hewani. Sababu ya kweli ya kuchagua wati ndogo ni waya dhaifu wa nyumba au umeme wa jua wenye inveta ndogo. Kinachotofautisha vifaa ni joto linalopotea njiani, na hapo ndipo nimeupata mpangilio huu.

Nafasi ya kwanza naipa jagi la umeme linalojizima. Koili yake iko chini ya maji yenyewe, hivyo joto halina pengine pengi pa kwenda. Likichemsha lita zile moja na nusu kwa sekunde 280 kwa wati 2,000, limetumia jouli 560,000, na asilimia 84 ya hizo zimeingia kwenye maji. Dukani, fungua kifuniko utazame mambo mawili. La kwanza ni alama ya kiwango cha chini: ikiwa jagi linadai nusu lita na wewe unakunywa kikombe kimoja, utakuwa unachemsha maji ya kumwaga kila asubuhi. La pili ni kifuniko kukaa sawasawa, kwa sababu mvuke ndio unaopita kwenye tundu dogo na kupinda kipande cha metali mbili kinachozima swichi; kifuniko kikilegea, mvuke hutoroka na jagi huendelea kutokota. Hasara yake ni kubwa kuliko wengi wanavyodhani, kwa kuwa kugeuza kilo moja ya maji yanayochemka kuwa mvuke kunahitaji jouli milioni 2.26. Gramu 100 tu zikipotea kwa mvuke, zimeondoka na jouli 226,000, karibu nusu ya joto lote la kuchemsha jagi zima.

Jiko la indaksheni linafuata kwa karibu, kwani hupasha kitako cha sufuria moja kwa moja kwa nguvu ya sumaku, na linastahili kununuliwa na yule atakayelipikia pia. Nenda dukani na sumaku: isiponata kwenye kitako cha sufuria zako, na kwa sufuria za alumini haitanata, ongeza bei ya sufuria mpya kwenye hesabu yako.

Jiko la umeme la sahani ya chuma naliweka la tatu, nalo ndilo linalowaponza wanunuzi kwa urahisi wa bei. Chuma huhitaji takribani jouli 450 kwa kila kilo kwa kila nyuzi moja. Sahani ya kilo 1.5 ikipanda nyuzi 300 imemeza jouli 202,500 kabla ya kuyahesabu maji. Anayepika maharage saa mbili hataliona pengo hilo sana, lakini anayechemsha maji ya chai na kuzima hulipia sahani hiyo kila mara.

Hita ya kuzamisha kwenye ndoo ingeshika nafasi ya kwanza kwa hesabu ya joto peke yake, kwa sababu karibu joto lake lote huishia majini. Naiweka ya mwisho kwa makusudi. Nyingi hazijizimi, huungua zikiwashwa nje ya maji, na mtu akitia mkono kupima joto kabla ya kuchomoa plagi anaweza kupigwa na umeme. Nyumba yenye watoto isiinunue. Asiye na njia nyingine aitumie kwenye ndoo ya plastiki imara, bila koili kugusa plastiki, aizamishe kabla ya kuwasha, na aichomoe kwenye soketi kabla ya kugusa maji.