Sons of the Pioneers: Uanze Kununua Zipi

Kama umewahi kuimba kwaya, hata ya shule, hawa Sons of the Pioneers, kundi la Marekani, utawaelewa mara moja. Sauti tatu, kila moja inajua nafasi yake, hakuna anayemfunika mwenzake. Wengi wetu tulianza na Jim Reeves ndipo tukawafikia wakongwe hawa wa nyimbo za kauboi, na hapo tukakwama: rekodi ni nyingi, na waimbaji walikuwa wakibadilika. Mimi ningenunua kwa mpangilio huu.

Kwanza kabisa, rekodi za redio za 1934 na 1935. Leonard Slye, Bob Nolan na Tim Spencer walianza Los Angeles mwaka 1933 wakijiita Pioneer Trio. Jina lililodumu walilipata kwenye redio ya KFWB: mtangazaji aliwaona vijana mno kuitwa waasisi, akawatambulisha kuwa wana wa waasisi. Hugh Farr akaja na fidla na besi yake nzito, kisha mdogo wake Karl na gitaa. Kampuni ya Standard ikawarekodi nyimbo tele za kugawiwa vituo vya redio. Hakuna okestra humo. Wanapopanda yodeli wote watatu, sauti zinaruka kutoka kifuani hadi kichwani kwa nukta ileile, utadhani ni koo moja. Usihangaike na sahani zenyewe za redio. Zina upana wa inchi 16 na kinanda cha santuri cha nyumbani hakizibebi. Tafuta boksi la CD tano liitwalo Songs of the Prairie, la kampuni ya Bear Family ya Ujerumani. Bei yake inauma, lakini ukiwa na uwezo wa kununua kitu kimoja tu, nunua hilo.

Namba mbili ni rekodi za kampuni ya Decca. Walirekodi huko mara ya kwanza Agosti 1934, na waliporudi mwaka 1941 wakaimba Cool Water ya Nolan, ile ya mtu na nyumbu wake Dan wanaohangaishwa na mazigazi jangwani. Kila ninapousikia koo linanikauka.

Ukizitaka kwa santuri za zamani za mizunguko 78 kwa dakika, kuwa mwangalifu. Mimi niliuziwa moja niliyoambiwa ni safi. Nilipoiweka, kila mzunguko ulitoa "tki", maana ilikuwa na ufa mwembamba kama unywele. Siku hizi naiinamisha sahani chini ya taa na kuizungusha polepole. Mifereji ikiwa na rangi ya kijivu badala ya weusi unaong'aa, sindano za chuma zimeshaila. Na usitumie sindano ya LP, yaani santuri ndefu za mizunguko 33. Mifereji ya 78 ni mipana zaidi, inataka sindano yake.

Tatu, RCA Victor kuanzia 1945. Usafi wa sauti ni bora, na Lloyd Perryman anaimba kwa upole wa ajabu, ila kampuni iliongeza vyombo mpaka baadhi ya nyimbo zikazidiwa. Boksi la Wagons West linatosha.

Filamu naziweka nafasi ya nne kwa sababu ya ubovu wa nakala, maana nyimbo zenyewe ni tamu. Slye aliondoka kundini mwaka 1937, akawa Roy Rogers, nyota wa studio ya Republic. Wenzake wakamfuata huko mwaka 1941 baada ya miaka ya kucheza na Charles Starrett, nyota mwingine wa filamu za kauboi. Nyingi ya filamu hizo zilikatwa hadi kama dakika 54 ili zienee kwenye televisheni, na mara nyingi kilichotupwa ni wimbo. Uliza urefu kabla ya kulipa. Kwa filamu moja tu, chukua Rio Grande ya John Ford, ya 1950: wamevaa sare za jeshi, wanamwimbia Maureen O'Hara usiku, na Ford anaiacha kamera itulie.

Mwisho kabisa, LP za baadaye zilizorudia nyimbo za zamani. Nolan na Spencer walitoka kundini mwaka 1949, ingawa RCA ilimrudisha Nolan studio katikati ya miaka ya 1950. Geuza jalada usome majina na mwaka. Ukimkuta Nolan, lipa. Asipokuwepo, omba usikilizishwe kwanza.