Ziara ya siku moja kutoka Cusco: ipi ulipie, ipi uache

Ukifika Cusco, kule Peru, hata begi hujalitua utaanza kuitwa. Kuzunguka uwanja wa Plaza de Armas ni mawakala wa utalii watupu, nje wamesimama wadada na makadi ya picha, na bei inashuka kila unavyosogea kama unaondoka. Siku yangu ya kwanza nikachukua ya bei ya chini kuliko zote maana karatasi iliandika sehemu sita kwa siku moja, nikaona nimepata. Kosta likajaa mpaka siti za katikati. Magofu ya Pisac, ya Wainka waliotawala huku kabla Wahispania hawajaja, tukapewa nusu saa, alafu duka la vito vya fedha tukakaa karibu saa zima tunaonyeshwa pete. Kuna bibi tulikuwa nae kwenye gari, pale Pisac ndio kwanza kafika nusu ya ngazi anahema, mwongozaji huku chini anapunga kibendera turudi, bibi wa watu akageuka bila kuona chochote alichokitolea hela. Iliniuma sana ile. Kwaiyo nilivyorudi kwenye ziara zingine nikawa nauliza kitu kimoja tu kabla sijatoa hela, tutakaa dakika ngapi ndani ya kila gofu, na mpangilio wangu hapa chini nimeupanga kwa hicho hicho.

Kabla ya mpangilio, mambo mawili yatakayokula hela yako na kichwa chako.

La kwanza tiketi. Bei ya tangazo karibu zote haina viingilio ndani, unalipa mwenyewe getini. Kuna tiketi ya pamoja inaitwa boleto turístico, wakati naenda ilikuwa soli 130 (soli ndio hela ya Peru), unaingia sehemu 16 ndani ya siku 10. Kuna na ya nusu ya soli 70, inayoshika upande mmoja tu, mfano ile ya Bonde Takatifu, yani bonde la mto Urubamba, ina Pisac, Ollantaytambo, Chinchero na Moray kwa siku mbili. Ukitaka zaidi ya upande mmoja chukua nzima, hesabu inakubali. Ila haina Machu Picchu, haina Qorikancha, hekalu la jua la Wainka pale mjini Cusco, haina mashamba ya chumvi ya Maras wala kanisa la Andahuaylillas, hizo zote zina tiketi zake. Mara nyingi gari la kundi linakuwa rahisi kuliko tiketi yenyewe, ndio maana watu wanashtuka getini.

La pili mwinuko. Cusco iko kama mita 3,400. Kwa waliopanda Kili kwa njia ya Marangu, kambi ya Mandara ni kama mita 2,700 na ya Horombo kama 3,700, sasa fikiria ndege inakutua katikati ya hizo mbili hujatembea hata hatua. Kichwa kitauma, usingizi wa usiku wa kwanza utakuwa wa kukatika katika, wenyewe wanaita soroche. Bonde Takatifu liko chini zaidi, Urubamba ni kama 2,870, kwaiyo ukiweza toka uwanja wa ndege shuka bondeni moja kwa moja ukalale huko, Cusco uirudie baadae. Na pole pole ile ile ya wapagazi wetu, hata ngazi za hoteli usizikimbie.

Haya sasa.

Namba moja kwangu ni Bonde Takatifu kwa gari dogo, watu watatu wanne mnachanga teksi ya siku nzima, na mwongozaji mwenye kitambulisho mnamchukua pale pale getini, Pisac wapo na Ollantaytambo wapo. Mnaondoka Cusco alfajiri ili Pisac muingie kabla makosta hayajafika, mnakuwa peke yenu na upepo, matuta ya kilimo yanashuka mlima kama ngazi za jitu, na kwenye ukuta wa jabali ng'ambo unaona vitundu vitundu vingi, hayo ni makaburi. Chini mjini kuna soko, vitambaa ni vingi sana lakini mimi nilisimama kwenye viazi, vya zambarau, vyeusi, vyenye macho mekundu, vilivyopinda kama tangawizi. Viazi mviringo tunavyokaangia chipsi asili yake ni milima hii ya Andes, mama muuzaji nilijaribu kumwambia kwa Kihispania changu cha kuokoteza kwamba kwetu hakuna mtaa usio na chipsi, akacheka akaniongezea viwili.

Msosi wa bufee Urubamba ruka, unakula masaa mawili ya siku yako. Nenda Ollantaytambo. Juu kabisa kuna mawe sita ya rangi kama ya waridi yamesimama wima, kila moja ni tani kwa tani, na kati ya jiwe na jiwe wamechomeka kipande chembamba cha jiwe kimekaa hata kisu hakipiti. Yametoka machimbo ya Kachiqhata upande wa pili wa mto, yani yalishushwa mlima mmoja, yakavushwa mto, yakapandishwa mlima mwingine, bila gurudumu wala farasi wala ng'ombe. Mengine hayakufika, mpaka leo yamelala njiani na wenyeji wanayaita mawe yaliyochoka. Hapa ndipo Manco Inca, mfalme wa Wainka, alipowapiga Wahispania wa Hernando Pizarro mwaka 1537, akafungulia maji uwanda wote ukawa tope na farasi wakashindwa kukimbia. Na mji wenyewe bado unaishi, vichochoro ni vile vile vya Wainka, mfereji wa maji unapita mlangoni kwa mtu, ndani kuna mtoto anafanya homwek. Pale unahitaji masaa mawili sio chini, wakala akisema dakika arobaini mwambie asante uondoke.

Kurudi mnapitia Chinchero, ila vaa koti maana iko juu karibu mita 3,760, ni Horombo kabisa ile. Ilikuwa makazi ya mfalme Túpac Inca Yupanqui, Wahispania wakaja wakajenga kanisa juu ya kuta zake, la mwaka 1607, ukisimama uwanjani unaona kabisa mstari, chini mawe ya Wainka yamebanana, juu udongo na chokaa. Kuna akina mama wanaonyesha ufumaji, na najua wengi mtasema ni biashara, ni biashara kweli, lakini kaa uangalie. Mama mmoja alichukua kadudu kakavu ka kijivu kanakoishi kwenye mpungate, akakaponda kiganjani kikawa chekundu kama damu, akakamulia ndimu, kiganja kile kile kikageuka rangi ya chungwa. Shuka moja inachukua wiki nyingi kufumwa, ukinunua usimvunje bei mpaka ikawa dharau.

Namba mbili itawashangaza wengi, ni Bonde la Kusini, nusu siku tu, watu wachache, na makosta machache sana. Tipón ni matuta na mifereji, maji bado yanatembea kwenye mteremko ule ule walioupima Wainka wenyewe. Pikillacta ni mji wa Wawari, waliotawala huku miaka mia kadhaa kabla Wainka hawajawa kitu, kuta ndefu zimenyooka hazina watu. Njiani Oropesa mnanunua mkate mkubwa wa duara unaitwa chuta, unaliwa garini ungali moto. Alafu Andahuaylillas. Kwa nje kanisa la kawaida la udongo, ukiingia ndani dari lote limechorwa, kuta zimechorwa, dhahabu mpaka unakosa pa kuangalia. Ila kilichonishika mimi ni mlango wa kubatizia, maneno ya ubatizo yameandikwa kwa lugha tano, Kilatini, Kihispania, Kiquechua, Kiaymara na Kipukina, na Kipukina hakuna anayekiongea tena duniani. Nilisimama pale muda mrefu. Padri wa hapo, Juan Pérez Bocanegra, mwaka 1631 alichapisha wimbo wa sauti nyingi kwa Kiquechua, wa kwanza wa aina yake kuchapishwa Amerika yote. Kama una nusu siku na hela kidogo, lipia hii.

Namba tatu Maras na Moray, nusu siku pia. Moray ni matuta ya duara yanayoshuka kama bakuli, joto la chini na la juu linatofautiana, na wengi wanaamini walikuwa wanajaribia mbegu. Chumvi ya Maras ni vidimbwi zaidi ya 3,000 vya familia za pale, chemchemi moja ya chumvi inavilisha vyote. Tangu 2019 huruhusiwi kutembea kati ya vidimbwi, unaangalia kwa juu tu, kwaiyo anayekuuzia kwa picha za mtu amesimama katikati anakuuzia ya zamani. Nenda kiangazi, Mei mpaka Septemba, vinakuwa vyeupe, masika ni tope la kahawia.

Namba nne ziara ya mjini. Zinaanza mchana, zinaisha giza limeingia, Sacsayhuamán, ile ngome ya Wainka juu ya mji, unakimbizwa wakati kuna mawe pale ya zaidi ya tani mia. Fanya mwenyewe, asubuhi teksi mpaka Tambomachay alafu teremka kwa miguu gofu kwa gofu mpaka mjini, kilomita nane hivi. Qorikancha ingia peke yako, tetemeko la 1950 liliangusha sehemu ya kanisa la Wahispania, kuta za Wainka chini yake zikabaki zimesimama.

Ya mwisho kwangu ni Machu Picchu ya siku moja, na msinielewe vibaya, Machu Picchu nendeni. Lakini kuamka saa tisa usiku, gari masaa mawili, treni karibu mawili, basi la kupanda nusu saa, alafu safari yote hiyo irudiwe, unakaa juu masaa mawili matatu umechoka na treni inakusubiri. Lala usiku mmoja Aguas Calientes, kimji kilicho chini ya Machu Picchu. Tiketi ina saa na njia maalum, kata mapema sana maana zinaisha, na pasipoti orijino uwe nayo, kopi hawataki.

Kabla ya kulipa popote, mwandikiane na wakala kwenye karatasi: viingilio vimo au havimo, watu wangapi kwenye gari, dakika ngapi kila gofu, na maduka mangapi. Chai ya majani ya koka hotelini kunywa, wenyeji wanasema inasaidia kichwa na kule ni halali, ila majani usiweke hata moja kwenye begi la kurudia nyumbani, na kama kazini kwako wanapima madawa jua kabisa kwamba hata kikombe kimoja kinaweza kuonekana kwenye kipimo.