Fraipeni ya mistari ya sh 45,000: kuku anatoka vizuri, ila sosi usiipikie humo

Nimekaa na hii fraipeni ya mistari miezi minne sasa, ile nyeusi nzito ya chuma yenye matuta na mifereji ndani, na kwa vile kila nikiweka status ya kuku watu wanakuja na "dada umeipata wapi, inafaa lakini?" acha niandike mara moja yaishe. Ina mazuri yake na imenitesa pia, yote nitayasema.

Nilivyofikia kuinunua ni hasira tu. Tulitoka na wenzangu wa ofisini tukaenda mgahawa mmoja hapa Dar, siutaji, nikaagiza kuku wa kuchoma na pasta ya sosi ya krimu na chizi, sh 28,000. Sahani imekuja inapendeza macho lakini kuku mkavu, unatafuna mpaka taya zinauma, pasta imeshikana kama nywele za mtu aliyetoka kuamka, na sosi imekatika, mafuta yanaelea huku, vidonge vya chizi kule. Nikamwita mhudumu, kaka hii sosi imekatika, akanijibu kwa upole kabisa "hapana dada, ndo inavyokuwaga". Nikalipa. Njiani kwenye bajaji napiga hesabu, kidari kilo moja, pakti ya spageti, krimu, hela ileile tunakula nyumba nzima, labda chizi ndo inizidi kidogo.

Jumamosi yake nikaingia Kariakoo. Muuzaji alianza na 60,000, "aunty hiki chuma utamwachia mjukuu", tukavutana tukaishia 45,000. Kwenye kuacha mjukuu simbishii maana nilipofika mtaani niliipima kwenye mzani wa muuza mchele, kilo 3 na robo! Haina mpini wa mbao wala plastiki, chuma mwanzo mwisho, kwa hiyo ukiishika bila kitambaa utakumbuka kwenu. Na kama unapikia mtungi mdogo wa gesi ule wenye jiko juu yake, hapo uwe makini sana, mpini unavuta upande mmoja na fraipeni inataka kupinduka, mimi ya kwangu naiweka kwenye jiko la plate mbili la mezani ndo inatulia.

Kitu ambacho muuzaji hakuniambia ni kutu. Siku ya kwanza nimepika, nimeshiba, nikaijaza maji na sabuni nikaenda kulala kama ninavyofanya kwa sufuria yoyote, asubuhi nakuta imekuwa nyekundu kama bati la zamani. Nusura niirudishe. Kumbe hiki chuma hakitaki kulowekwa, unakiosha kikiwa bado na uvuguvugu, unakirudisha motoni dakika mbili kikauke kabisa, halafu unakipaka mafuta ya kula kidogo sana kwa kitambaa mpaka king'ae bila kuteleza. Ile kutu niliitoa kwa stili waya, nikapaka mafuta, nikaiacha motoni mpaka ikatoa moshi, nikarudia mara tatu. Yale mafuta yakipata moto yanakauka yanakuwa ngozi juu ya chuma, na kadiri unavyopika ndo ngozi inazidi kukomaa na chakula hakigandi. Mwezi wa kwanza kuku alikuwa ananiachia nusu ya ngozi yake humo, sasa hivi anachomoka mwenyewe.

Haya tuje kwenye kuku maana ndo kazi yake.

Kidari cha kuku wa kisasa kina tatizo moja, upande mmoja mnene upande mwingine mwembamba, ukisubiri kunene kuive, kwembamba kumeshakuwa ubao. Sasa mimi nakitia kwenye mfuko wa kuhifadhia vitu frijini (rambo tulishaagana nazo 2019) nakipigapiga na mchi wa kinu taratibu mpaka kiwe unene wa kama sentimita 2 kote. Hii hatua moja ndo imebadilisha kuku wangu kuliko fraipeni yenyewe, nasema ukweli. Halafu mtindi vijiko vitatu, swaumu, tangawizi kidogo, pilipili manga, chumvi, paprika, limao nusu. Ukiweka limao tupu usimwache zaidi ya nusu saa, ile asidi inakula nyama kwa juu inakuwa ungaunga mdomoni, lakini kwenye mtindi hata alale usiku mzima hana shida.

Kabla ya kumweka motoni mpanguse. Ndio, mtindi wote ule unaupangusa na tishu, maana kuku mwenye maji hachomeki, anachemka. Mafuta mpake kuku, sio fraipeni, ukimimina kwenye fraipeni yanatiririka kwenye mifereji yanakaa kule chini yanaungua bure. Pasha fraipeni tupu dakika 5 moto wa kati, rushia tone la maji, likichezacheza na kupotea weka kuku na USIMGUSE. Hapo ndo tunapokosea wengi, mtu ameweka kuku sekunde kumi keshamvuta kuangalia kama kuna mistari. Akiwa bado kashikilia chuma ujue hajawa tayari, ukifika wakati wake anajiachia. Kwangu ni dakika 4 au 5 upande mmoja, nageuza, nyingine 4. Mdogo wangu aliniletea kipimajoto cha nyama, nachoma katikati, ikisoma 74 natoa. Kama huna, kata pale penye unene zaidi, maji yakitoka meupe bila wekundu basi. Halafu apumzike kwenye sahani dakika tano kabla hujamkata, na yale maji atakayotoa kwenye sahani usimwage, tutayataka.

Sasa ukweli kuhusu mistari. Inapendeza kwenye picha, sikatai, lakini kuku anagusa chuma pale kwenye matuta tu, kwenye mifereji hagusi kitu, anaiva kwa joto na mvuke. Mwangalie kwa karibu utaona mistari ya kahawia na katikati weupe. Fraipeni bapa ya chuma hichohicho ingempa rangi kote na utamu kote. Na jiko la mkaa bado liko pale pale, ule moshi wa mafuta yanayodondokea kwenye makaa hakuna chuma cha Kariakoo kitakachokupa. Kwa hiyo kama una uwanja na wavu wa kuchomea, baki na hela yako. Mimi naishi ghorofa ya tatu, mkaa nitauwasha wapi?

Halafu moshi upo. Paprika na swaumu vikidondokea kwenye mifereji vinaungua na jiko langu dirisha ni dogo, mara ya pili kupika jirani alikuja anagonga, "hodi, jirani kuna usalama?" Fungua madirisha yote kabla, sio baada.

Kosa langu kubwa lilikuwa kwenye sosi. Nimezoea kupika kuku, nikitoa nyama namimina kitu humohumo nipate ule utamu ulioganda chini, basi siku ya kwanza nikamwaga krimu kwenye fraipeni ya mistari. Jamani. Krimu imeingia kwenye mifereji, mwiko haufiki, vile vyeusi vilivyoungua vimechanganyika, rangi ikawa kama maji ya kudekia. Krimu nzima imeenda. Kwa hiyo mjue, hii ni ya kuchomea tu, sosi inataka sufuria yake pembeni, na kama hela yako inatosha fraipeni moja tu usianze na hii.

Sosi yenyewe si ngumu, ila inataka utulivu. Watu wanne nachukua pasta gramu 400, maji lita 4, chumvi gramu 40 hivi, najua inaonekana nyingi lakini nyingi inabaki kwenye maji. Ile tabia yetu ya kuchemsha tambi mpaka zilegee halafu tunazisuuza bombani, hapa iacheni, kwanza zinaenda kuiva tena kwenye sosi, pili ule uwanga uliozizunguka ndo unaoishika sosi ikakaa juu ya pasta badala ya kutuama chini ya sahani. Toa dakika moja kabla ya ile iliyoandikwa kwenye pakti na uweke mug moja ya yale maji meupe pembeni.

Kwenye sufuria siagi gramu 50, swaumu punje tatu zilizosagwa zisibadilike rangi, krimu mililita 250, moto mdogo mpaka uone vimapovu pembeni. Mimina yale maji ya kuku ya kwenye sahani. Halafu ZIMA MOTO. Ndo chizi iingie, gramu 120 imekunwa, kidogo kidogo huku unakoroga. Chizi ikikutana na moto mkali protini yake inajikaza, inashikana vidonge na kutema mafuta, ndo ile sosi yangu ya 28,000 niliyoambiwa ndo inavyokuwaga. Haiwagi hivyo kaka, mliichemsha. Ikionekana nzito ongeza yale maji ya pasta kijiko kwa kijiko, itarudi kung'aa. Mwisho pasta ndani, pilipili manga, na kungumanga kidogo sana, ile ya kukuna sio ya kwenye kopo, nimebeba ya Zanzibar na tofauti nimeiona.

Kwenye chizi yenyewe (ya kula, sio chizi wa mtaani) nimepoteza hela nikajifunza. Ile iliyokunwa tayari kwenye pakiti wanaitia unga wa kuzuia isishikane, kwenye sosi inakuwa na mchangamchanga. Mozzarella peke yake inavutika kama bablishi, kwenye picha safi, mdomoni haina ladha sana. Ninayopenda ni ngumu kidogo yenye chumvi. Njombe kuna kiwanda cha maziwa kilichosaidiwa na CEFA, shirika la misaada la Waitaliano, wanatengeneza chizi za Kiitaliano na ukizikuta chukua, mimi huwa nakuna zao nachanganya na cheddar. Na ujanja mmoja, tia slaisi moja ya ile chizi laini ya kwenye karatasi ya burger. Najua wapishi watanicheka, lakini ile imetiwa chumvi maalum za kuunganisha mafuta na maji, slaisi moja tu inashikilia sosi nzima isikatike.

Na wale wa kusema "sio alfredo halisi" (ndo jina la hii pasta ya krimu na chizi), mko sahihi, wala sibishi. Alfredo di Lelio wa Roma alikuwa anatia siagi na chizi ngumu ya Parmigiano tu, krimu na kuku juu ni mambo ya Marekani huko, Waitaliano wenyewe kumweka kuku juu ya pasta si kawaida yao. Mie nakula cha Wamarekani na nashiba.

Mwezi uliopita mama mkwe alikuja kutoka Tanga. Nimepika, nimempangia sahani, mistari ya kuku imenyooka kama daftari la hesabu, moyoni nasema leo. Akaonja tambi, akaweka kijiko chini. "Mwanangu, hizi tambi mbona hazina sukari?" Kwao tambi ni zile za nazi na iliki, za kufuturia, tamu. Nikamwambia mama hizi ni za chumvi, za Wazungu. "Aah." Akamhamia kuku, akamla wote, akamalizia na kile kipande nilichokuwa nimemwachia mume wangu, halafu akasema sosi ni nzito, ingepata ndimu. Nikamkamulia ndimu juu. Na unajua alikuwa sahihi? Ile krimu na chizi zinachosha ulimi, tone la ndimu mwishoni linaamsha, tangu siku hiyo siachi.

Kwa hiyo, inafaa? Kama uko ghorofani, unapenda kuku, unayo sufuria nzuri tayari na huna uvivu wa kukausha na kupaka mafuta kila ukiosha, nunua, usivuke 45,000. Kuku anatoka laini, chuma kinatunza joto hata ukiweka vipande vitatu baridi kwa pamoja hakistuki. Kuosha ndo kero, ile mifereji nachokonoa na mswaki wa zamani dakika kumi nzima.

Mama mkwe kabla hajapanda basi kanipa 40,000 nimtafutie na yeye ya kutumia kwake Tanga. "Ila yangu isiwe na hiyo mistari, mimi mgongo unaniuma, siwezi kupigia sufuria mswaki."